Buluu ya Kaloleni

Luseno alisimama katikati ya sebule yao mtaani Kaloleni, karatasi mkononi, akamsomea mkewe historia ya maabara. Kiwanda cha sabuni alikostaafu kama mkemia kilikuwa kinatimiza miaka arobaini, na Jumamosi yeye ndiye angehutubia.

"'Kila sabuni mpya ilijaribiwa na wakemia watatu...'"

"Na nani?" Nabalayo aliuliza, kisu kikiendelea kukata sukuma wiki.

"Wakemia watatu."

"Baba Elsie, wewe hujawahi kufua hata soksi."

Luseno alikohoa, akageuza ukurasa. Nabalayo hakumwachia, akamkumbusha. Sabuni za majaribio zilikuwa zikija Kaloleni zimefungwa kwenye gazeti. Wanawake walifua, wakaanika, na jioni Luseno akapita mlango hadi mlango akiuliza: ina povu? Inachoma mikono? Walimjibu bila kumbembeleza. Mama Amolo alibabuka viganja wiki nzima. Leo hata mmoja wao hayumo kwenye hotuba?

"Nikiwataja, mtu atauliza habari ya vitambaa," Luseno alinong'ona.

Kumbe hapo ndipo palipomuuma. Kuna sabuni moja aliyoitia rangi ya buluu ili nguo nyeupe zing'ae, akazidisha. Jumamosi moja kina mama wa kanisa wakaitumia kufua vitambaa vyao vya kichwa. Kesho yake, Jumapili, hakuna aliyekuwa na kingine, wakaingia kanisani wote rangi ya anga. Mchungaji akasifu umoja wao. Nao, watu wa heshima zao, wakasema waliamua wenyewe. Mpaka leo sare yao ni buluu.

"Kwa hiyo sisi tufutwe ili wewe usichekwe?" Nabalayo aliweka kisu chini. "Haya, soma unavyotaka. Tutakuja kusikiliza."

"Mtakuja nani na nani?"

"Kula kwanza."

Jumamosi Luseno alishika maikrofoni, akainua macho. Safu yote ya mbele ilikuwa buluu. Nabalayo alikaa katikati, mkoba magotini, akimtazama kama anavyotazama maziwa jikoni yaliyo karibu kufurika.

"Kila sabuni mpya ilijaribiwa na wakemia..." Akaikunja karatasi, akaitia mfukoni. "Ilijaribiwa Kaloleni. Na hawa akina mama mnaowaona."

Vigelegele vikapasuka. Mama Amolo, ambaye hakujaliwa kipaji cha kunyamaza, akapaza sauti: "Na vitambaa, shemeji?"

"Nafika huko, mama."

Nabalayo alijiweka sawa kitini. "Usiruke kitu," akamwambia.