O ya Shangazi Kalolaine

Daktari alisema hatampasua Nafetalai tumbo mpaka upatikane mfuko mwingine wa damu, maana uliokuwa kwenye friji ulikuwa mmoja tu. Operesheni ilipangwa saa nane mchana. Kufika saa tatu asubuhi, ukoo mzima ulikuwa umejaa korido ya maabara ya hospitali, kisiwani Tonga, kila mtu mahali pake. Kalolaine, dada mkubwa wa mgonjwa, alikalia kiti pekee chenye mto. Wengine walibanana kwenye benchi. Telesia, mke wa mgonjwa, alikaa chini mlangoni, tayari kutumwa.

Binti yao Manusiu alikabidhiwa kadi za majibu azisome. Baadaye alitamani angesema amesahau miwani.

"Mimi ni A," alisoma. "Binamu Kitione, B."

"B?" Shangazi akacheka mpaka mto ukatikisika. "Herufi hiyo hata haimo katika Kitonga. Pole, Kitione, umegawiwa ya wageni."

"Mama, AB."

Telesia akainua kichwa. "Zote mbili?"

"Shangazi, O."

Kicheko kikakatika. Kitione akatazama dari.

"O na nini?" Shangazi akauliza.

"O tu."

"Huyu wa mlangoni kapewa mbili, mimi nimekombewa sufuria? Pimeni tena!"

"Wifi, mimi sikuomba," Telesia alisema kwa upole, lakini mabega yalikuwa yakimcheza kwa kicheko.

"Nyamaza wewe, AB!"

"Lakini baba naye ni O," Manusiu alisema haraka. "O hupokea ya O peke yake. Hapa ni wewe tu, Shangazi."

Sepiuta wa maabara akatoka na glavu zake. "Mama, hizi si alama za mtihani. A ni kitu kilichomo kwenye damu, na B ni kitu kingine. AB ana vyote viwili."

"Na O?"

"O hana hata kimoja."

Manusiu akafumba macho.

"Umesikia, Kitione? Miaka hamsini na tisa nakaa mbele ya watu, kumbe sina kitu!"

"Lakini ni damu nzuri sana," Sepiuta akajitetea. "O anaweza kumpa yeyote. AB ndiye anayepokea kwa kila mtu, na yeye humpa AB mwenzake tu."

Hapo ndipo alipoharibu kabisa. Shangazi alikuwa fahu wa ukoo ule, dada mwenye cheo kuliko ndugu zake wa kiume. Kazi ya fahu ni kupokea. Katika kila harusi na kila msiba, mikeka mizuri na nguruwe mkubwa vilikwenda kwake, na hakuna aliyehoji. Tangu Manusiu azaliwe, Shangazi alikuwa amechukua kwa baba yake viazi vikuu, baiskeli, na mara moja mlango, ukiwa bado kwenye bawaba zake.

"Anayepokea kwa wote ni fahu!" Shangazi akapiga kelele. "Na mmempa Telesia! Mimi ndiye nitoe? Nimewahi kutoa nini mimi?"

Hakuna aliyekumbuka kitu.

Saa sita ikapita. Muuguzi akachungulia kuuliza kama wameelewana, akaona nyuso, akarudi alikotoka. Manusiu akashuka sakafuni, akakaa chini kuliko Shangazi, kama inavyompasa mtoto wa kaka.

"Shangazi, nguruwe wa baba ni wa nani?"

"Wangu."

"Shamba lake?"

"Langu. Unajua."

"Na yeye mwenyewe?"

Shangazi akatazama mlango wa wodi. Tangu utotoni hakuwahi kuingia chumba alicholala Nafetalai. Ni mwiko baina ya dada na kaka, na hata siku hiyo asingeuvunja.

"Wangu," alisema. Akakunja mkono wa gauni. "Basi sitoi kitu. Nahamisha changu kutoka nyumba moja kwenda nyingine. Sepiuta, andika hivyo."

"Mama, fomu haina sehemu ya—"

"Andika pembeni."

Sepiuta akaandika pembeni. Shangazi alipokaa kutolewa damu, Telesia akaleta ule mto, akauweka chini ya kiwiko cha wifi yake, na safari hii hakucheka.

Nafetalai alipona. Wiki ya tatu Shangazi alituma gari kuchukua nguruwe.

Shangazi alikufa miaka tisa baadaye. Kama desturi inavyowataka walio chini ya marehemu, Telesia alikata nywele zake kwa ajili yake, na Nafetalai alijifunga mkeka mkuukuu kuliko wote, akashinda jikoni akigeuza nguruwe motoni. Manusiu ndiye aliyepanga sanduku la marehemu. Chini ya mikeka alikuta ile kadi ya maabara. Kundi la damu: O. Mbele yake, kwa kalamu ya risasi na mwandiko wa Shangazi, palikuwa na neno moja: mkubwa.