Kura ya Fundi Cornel

Nilikuwa nakula wali kwenye mgahawa wa Sihaba, hapa mtaa wa Dengfeng, mjukuu wangu Judica alipoingia na kukaa bila salamu. Nimekuja Guangzhou, China, kumtembelea; anasoma historia chuo kikuu. Sihaba alimtazama uso tu, akamletea chai ya tangawizi.

Zilibaki siku tatu azungumze mbele ya walimu wake. Habari yake ilikuwa ya marehemu baba yangu, Cornel, fundi cherehani wa Tanga, aliyepiga kura ya wabunge mwaka 1958. Enzi hizo za mkoloni walioruhusiwa ni wenye kipato kikubwa au waliofika darasa la nane. Ukoo mzima unajivunia kura hiyo. Hata kaburini imeandikwa.

Judica alikuwa amepata nakala ya daftari la wapiga kura. Akanipa simu nijionee.

"Bibi, babu Cornel hayumo. Aliyemo ni Dorothea, mkunga."

Dorothea ni mama yangu. Judica alilalamika kwamba yeye mwenyewe, na elimu yake yote, uchaguzi uliopita hakupiga kura, maana huku hakuna kituo. Na sasa hata huyo babu aliyekuwa akijivunia kumbe hakupiga.

Nikamweleza. Nilikuwa na miaka minane, nimesimama na baba nje ya kituo. Kulikuwa na manyunyu. Amemshikia mama mkoba, na mwavuli ameufunga usije ukamzuia kumwona mwenzake akitoka. Baba aliishia darasa la pili, na cherehani haikumpa kipato kilichotakiwa. Jioni wateja wakamuuliza ilikuwaje, akasema alimchagua Mwafrika wetu, basi, akatoka kituoni.

Mama alikuwa akipita na kahawa.

"Na Mzungu na Mhindi, baba Anastazia," alisema taratibu. "Si uliniambia lazima watatu, ukiacha mmoja kura inaharibika?"

Baba akakubali, watatu. Hakukosea tena kuisimulia kwa miaka arobaini.

Judica akazungusha kikombe.

"Na pale kaburini, nani aliandikisha kwamba alipiga kura?"

"Mama. Fundi wa saruji alitaka maneno, akampa hayo."

Judica alimaliza chai yake. Kisha akafungua kompyuta, akafuta Cornel kwenye kichwa cha habari, akaandika Dorothea. Picha ya kaburi aliyokuwa ameiweka hakuitoa. Chini yake aliandika: "Maneno ni ya mpiga kura."