Mafuta Kichwani mwa Shibani

Msimu wa asali haukuwa umefika hata nusu, na mashua ilikuwa inarudi. Kijijini kule, ukingoni mwa mikoko ya Bengali, hakuna asiyejua maana yake: mashua hairudi mapema ila kuna mtu amebaki msituni. Wanawake waliteremka gatini pekupeku.

Moyna alikuwa miongoni mwao, kamera shingoni. Alizaliwa pale, akasomea filamu Kolkata, akarudi kuwapiga picha watu wake, akianza na Shibani, mke wa kaka yake Nitai. Nitai yumo kwenye mashua ile. Au hayumo.

Kwao mwanamume akienda kurina asali, mkewe hukaa kama mjane mpaka arudi. Hachani nywele wala hapaki mafuta, na kosa la mmoja huweza kumwangukia yeyote mashuani. Moyna aliyajua hayo tangu utotoni, lakini mji ulishamtia ujuaji. Juzi adhuhuri, jua lilipoingia vizuri mlangoni, alianza kumbembeleza Shibani.

"Wifi, jipake mafuta kidogo tu, ujichane. Kwenye picha unaonekana kama umefukuliwa."

"Unataka kumuua kaka yako?"

"Mjomba atakuonaje kutoka huko msituni? Ana simu?"

Mjomba ni chui milia. Pale hakuna anayemtaja kwa jina lake. Shibani, ambaye hakuwa amecheka tangu mumewe aondoke, akacheka, akafungua chupa ya mafuta, akajipaka. Picha ilitoka nzuri mno.

Sasa walisimama kwenye tope, Shibani amejitanda sari mpaka kwenye nyusi. "Akiwa ni yeye aliyebaki, sitakusamehe mpaka kufa," alinong'ona. Moyna aliogopa kuliko alivyowahi kuogopa maishani. Yeye aliyeona miiko ni upuuzi alikuwa akiomba kimoyomoyo: asiwe Nitai, awe mtu mwingine yeyote.

Nitai akashuka wa kwanza, mzima. Moyna alimkimbilia kwa furaha. Lakini kaka yake alimpita bila kumtazama, amebeba mikononi shuka ya Gour, mwenzake wa mashuani, akaenda moja kwa moja kwa Bhanumati, mke wa Gour.

"Shemeji," alisema. "Juzi adhuhuri. Mjomba..." Akamkabidhi shuka.

Bhanumati hakulia. Nywele zake zilikuwa zimesokotana kwa vumbi. Alishika miiko yote, hakuacha hata mmoja. Alisimama akinusa hewa.

"Nani amepaka mafuta hapa?"

Shibani akaivuta sari mpaka machoni. Moyna akasogea, akamkinga.

"Ni mimi, dada. Mimi sina mume, sina mwiko."

Bhanumati akamwekea mkono kichwani, akampapasa polepole, kama mama anayemtafutia mtoto chawa. Kisha akavitazama vidole vyake. Vilikuwa vikavu. Akainua macho, akatazama nyuma ya bega la Moyna.