Siku Bwana Kesho Alipotafuta Kiti Chake

Jaji Edmund Harcastle anasinzia baada ya chakula cha mchana, katika chumba chake nyuma ya mahakama, joho mwilini, wigi lake la manyoya ya farasi limelala mezani kama paka aliyekufa. Ng'ambo ya mlango watu wamejaa, wanangoja hukumu ya kesi ya shule. Mama mmoja mjane, Rispa Nekesa, ameishtaki serikali ya koloni: shule iliyo mkabala na nyumba yake imejengwa kwa kodi ya kila mtu, mbona binti yake Selina haruhusiwi hata kushika geti lake, eti kwa kuwa ni mweusi? Ni swali la kujibiwa kwa neno moja. Na jaji amelijibu kwa neno moja, kila mara lile lile: naahirisha. Ndiyo maana mji mzima, kuanzia wachoma mahindi hadi askari wa zamu, humwita Bwana Kesho. Leo pia neno lake liko tayari. Kope zinashuka, anamsikia karani akipiga ukelele, Simameni! anainuka, anafungua mlango wa kuingilia mahakamani, na mguu wake unakanyaga vumbi jekundu.

Hakuna mahakama. Kuna barabara inayonyooka, inajipinda, inarudi ilikotoka, na kando yake kuna mji wenye vitu vyote viwili viwili kama uliowekewa kioo katikati: madirisha mawili ya posta, mabomba mawili ya maji, mabenchi mawili ya stesheni, maeneo mawili ya makaburi, moja lina ukuta na maua, jingine lina mbuzi. Mji huu anaujua. Watu wa ukoo wake ndio walioupiga mstari kwa rula. Na kila mahali watu weusi wamesimama. Hawaendi, hawarudi, wamesimama tu, madirishani, mabombani, hata kule kwenye mbuzi, maiti wamesimama, vichwa vimechomoza udongoni kama kabichi. Anatokea tarishi mwenye kaki na vifungo vya shaba, uso wake mtupu kama sahani. Jaji anamsemesha Kiingereza, tarishi anatikisa kichwa. Anajaribu Kiswahili, lugha ya yaya aliyemlea, aliyoiacha bandarini siku alipopelekwa Ulaya kusomea sheria, na ajabu, ulimi unaikumbuka. Hawa wanangoja nini? Wanamngoja anayetembea aketi, anasema tarishi. Nani huyo anayetembea? Anayeuliza. Wacha mafumbo yako, mimi ni jaji! Basi keti, Mheshimiwa, sheria si yako? Hakuna wa kukaa kabla ya jaji kukaa. Kiti changu kiko wapi? Pale ulipokiacha mara ya kwanza.

Wanatembea, na barabara inayakunjua maisha yake kama mkeka. Hapa ni hakimu kijana, anamfunga mpishi jela kwa kuingia choo cha Wazungu. Pale yuko klabu, glasi mkononi, wenzake wanampigapiga mgongo, umefanya vyema kuahirisha, Edmund, mambo haya hayataki pupa. Pupa! Watu wamesimama tangu enzi za babu zao, miguu imevimba, wanaozaliwa wanazaliwa kwenye foleni, halafu walioketi wanawaonya juu ya pupa! Barabara inajipinda tena, na mbele yake ni nyumba ya baba yake shambani, meza imeandaliwa, na nyuma ya kiti kidogo cha mtoto amesimama yaya Mkamburi, mikono imekunjwa, nyayo zimefura kama viazi. Jaji anakikumbuka kiti hicho. Alikuwa mtoto mdogo, alikivuta akasema, Yaya, kaa ule nasi. Baba yake akacheka hadi akapaliwa. Basi mtoto akaona haya, akamnong'oneza, Kesho, yaya.

Karibu, Bwana Kesho, anasema Mkamburi. Umenenepa. Keti, yaya, nakuomba. Wee! Nikae mbele ya jaji, nifungwe kama yule mpishi? Kando yake yupo bibi kizee mwenye mvi tupu, amevaa sare ya shule. Na huyu nani? Humjui? Selina huyo, bado anangoja geti. Yule kizee anamwamkia kwa adabu ya mtoto, Shikamoo, Mheshimiwa, mama aliushusha upindo wa gauni hili mara tatu, kitambaa kikaisha, mimi nikaendelea kukua. Jaji anajibwaga kwenye kile kiti kidogo, magoti yanagusa kidevu, anapaza sauti, Mtoto aingie! Aingie leo! Na mji mzima unaketi kwa pamoja, kishindo kama mvua juu ya mabati, na jaji analia kwa raha. Kutenda haki usingizini kunahitaji nini?

Mheshimiwa, saa nane imefika. Ni karani, anamtikisa bega. Nimeshahukumu, anasema jaji. Karani anamtazama. Labda kwingine, Mheshimiwa. Hapa bado. Pindo la joho lina vumbi jekundu, lakini katika nyanda hizi kila pindo lina vumbi jekundu. Mlango unafunguliwa. Simameni! Wanasimama wote. Rispa yuko mbele, kando yake Selina, msichana tena, na gauni lake lina mistari mitatu ya upindo ulioshushwa, chini ya mistari hakuna kitambaa. Jaji anashika mgongo wa kiti. Kama hii ndiyo ndoto, haraka ya nini? Kama ile ndiyo ilikuwa ndoto, basi hajasema kitu. Ulimi unalitafuta neno lake la zamani, unalipata, Na... anaanza.

Rispa Nekesa anaketi.

Wewe mama! Simama! anafoka karani. Nimesimama vya kutosha, baba, anasema Rispa, na wala hapandishi sauti. Selina anaketi. Mchoma mahindi anaketi. Benchi kwa benchi, mahakama yote inashuka, kishindo kama mvua juu ya mabati, na jaji aliwahi kukisikia kishindo hiki, lakini hajui tena ni upande gani wa mlango. Amesimama peke yake. Miguu imeanza kuvimba ndani ya viatu.

Haya, Mheshimiwa, anasema Rispa, akiunyoosha upindo wa mwanawe juu ya magoti. Sisi tumeketi. Tusomee.