Jenerali wa Merrylands

Majenerali walikuwa wakija asubuhi, kabla ya chai, na walipitia mdomoni mwa mzee Des. Mzee huyo alifundisha historia maisha yake yote, na sasa alilala katika nyumba ya wazee pale Seven Hills, Australia, kwenye chumba ambacho dirisha lake lilitazama reli. Jina la marehemu mkewe lilikuwa limemtoka. Alichokula jana hakukijua. Lakini majenerali wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, vile vya karne ya kumi na tisa, hao aliwajua kama mama anavyowajua wanawe: nani alizaliwa wapi, nani alishika mkia katika shule ya kijeshi, nani alipenda farasi kuliko watu. Anésie, mhudumu wake, alimsugua mgongo kwa kitambaa cha maji ya uvuguvugu, naye akasimulia.

Mapigano yenyewe Anésie hakuyasikiliza sana. Vita alivijua, hakuhitaji kufundishwa na Mzungu. Alichopenda ni mwisho wa hadithi, pale bunduki zilipowekwa chini na wanaume wale wakalazimika kutafuta la kufanya. Grant, aliyewahi kuuza kuni barabarani kabla ya vita, alishinda, akatawala nchi, kisha akafa akiandika kitabu huku koo limeoza hata kumeza kukamshinda. Hood aliacha mguu vitani, na homa ya manjano ikamwondoa, yeye na mkewe, wakaacha mlolongo wa yatima. Beauregard akaishia kusimamia bahati nasibu. Longstreet alipatana na walioshinda, na watu wake mwenyewe wakampa mgongo hadi kaburini. Na Johnston, mzee mzima, alisimama kichwa wazi kwenye baridi na mvua akimzika Sherman, mtu aliyekuwa amemshinda. Akapata kichomi, naye akamfuata. Mzee Des akifika hapo alilia kila mara, na kila mara alisahau kilichomliza.

"Vitabu vinaishia pale wanaposaini," alifoka kwa Kiingereza chake cha kimwalimu. "Waandishi wavivu! Baada ya hapo je? Mtu ana miaka thelathini mbele yake na hajui kazi nyingine."

"Inua mkono, Des," alisema Anésie. "Huo mwingine."

Kutoka Seven Hills hadi Blacktown, alikokaa Anésie, treni inapita kituo kimoja tu, lakini usingizi wa mtu aliyeamka alfajiri haupimwi kwa vituo. Anésie alifumba macho, na majenerali wakapanda. Walikaa kwenye viti vya buluu na makoti yao mazito, wamechoka, ndevu zimejaa vumbi la nchi asiyoijua, wakatazama nje maghala na mabati yakipita. Hawakuzungumza. Mmoja alishika kofia magotini kama mtu anayesubiri daktari. Anésie hakuwaogopa. Aliwaonea huruma, na huruma hiyo ilimkera, maana yeye mwenyewe alikuwa na jenerali wake, na kwa huyo hakuwahi kuwa na huruma hata chembe.

Jenerali wake aliingia nyumbani kwenye simu ya Ineza. Binti alikuja jikoni siku ya Jumapili, amejaa tabasamu, akamwonyesha picha. "Mum, huyu ndiye Niyonzima. And that's his dad. Wanataka kuja kunisaba, kuniposa properly, kama Burundi." Anésie alimtazama kijana, mrefu, mpole wa macho. Kisha akamtazama baba. Mzee alikuwa amenenepa na nywele zilikuwa mvi, lakini sikio la kushoto lilikuwa nusu, limekatika juu, na sikio halizeeki.

Aliliona sikio hilo mara moja tu maishani, kwenye zahanati ya Kumoso, Burundi, kulipokuwa na foleni ya wagonjwa hadi uani. Mumewe Gratien alikuwa ndani ya koti lake jeupe, akichoma sindano. Ineza alikuwa mgongoni kwa mama, bado mdogo wa kunyonya. Wapiganaji walitoka porini, wakahitaji mganga, wakamchukua mganga. Kamanda wao, ambaye hata wakati ule waliomfuata walimwita Jenerali, alimgeukia Anésie kwa adabu, kama mtu anayeazima jembe. "Nitamrudisha, mama," alisema. Foleni nzima ilimsikia. Hakumrudisha. Anésie alivuka mpaka, akakaa kambini Tanzania hadi Ineza akawa msichana, akaletwa Australia, na popote alipokaa hakuwa na kaburi la kuliweka moyoni.

Milima haikutani, binadamu hukutana, walisema wahenga. Hawakuongeza kwamba binadamu wanaweza kukutana wakiwa wakwe.

Alitaka amwone kwanza. Siku ya mapumziko alipanda basi hadi Merrylands, ambako kwa maneno ya Ineza baba wa Niyonzima alifanya kazi, akakaa kwenye benchi mbele ya maduka na mfuko wa vitunguu mapajani. Jenerali Kubwimana alikuwa akikusanya matoroli ya wateja kwenye maegesho. Alivaa kizibao cha njano, akayaunganisha matoroli yakawa mstari mrefu, kisha akausukuma kwa kifua, polepole, huku mstari ukipinda kama una akili zake. Jua lilimeta kwenye vyuma. Wavulana wa Kirundi waliopita walimpigia saluti na kucheka, "Jenerali!", naye akawarudishia kwa mkono mmoja. Kila kitu kilionekana kwa mbali, kama ndani ya maji. Chuki ya Anésie haikupungua, tusidanganyane. Ila alirudi nyumbani bila kukumbuka njia aliyopita, na vitunguu akaviacha kwenye benchi.

Kesho yake, akiwa anamkausha mzee Des vidole vya miguu, alijikuta anasema, "Na mimi nina wa kwangu. Jenerali."

Mzee alifungua jicho moja. "Upande gani?"

"Upande wa pili."

"Baada ya vita alifanya nini?"

"Anasukuma matoroli Merrylands."

Mzee Des aligeukia dirisha, treni ya mizigo ilikuwa inapita. "Umemuuliza?" alisema. "Mimi siwezi kuwauliza wa kwangu. Wamekufa wote, washenzi wale." Kisha akadai chai, na alipoletewa alikuwa amekwishasinzia.

Anésie angeweza kwenda kwa Kubwimana faragha. Aliliwaza hilo na kulikataa. Faragha mtu hudanganya, au hulia, na kilio cha mwanamume ni kifuniko kizuri cha mambo. Gratien alichukuliwa mbele ya watu. Basi arudishwe mbele ya watu. Anésie aliamua hivi: siku ya posa hataugusa mrija wa pombe yao mpaka Kubwimana aseme alikomwacha mumewe. Asiposema, hakuna binti. Hakumwambia Ineza, na jambo hilo lilimkosesha raha kuliko mengine yote, kwa sababu alijua vizuri kwamba aliyekuwa anaweka rehani furaha ya binti ni yeye, na binti mwenyewe alikuwa chumba cha pili anaimba.

Walikodi ukumbi Blacktown, Jumamosi mchana. Upande mmoja ulikaa ukoo wa kijana, upande wa pili ukoo wa binti, yaani Anésie, kanisa lake, na majirani wa kambini waliogeuka ndugu. Wasemaji wazuri wa Kirundi walikuwa wamekwishachukuliwa na upande wa kijana, hivyo Anésie akamwazima Masumbuko, Mkongo wa Uvira, na posa ikaendeshwa kwa Kiswahili. Katikati kulikuwa na chungu cha pombe ya mtama, iliyopikwa kwenye gereji ya mtu, na mirija miwili mirefu. Desturi inajulikana: wageni huomba, wenyeji hukataa. Hukataa kwa mizaha, husema wageni wamepotea njia, huwatafutia makosa, na kadiri wanavyokataa kwa ufundi ndivyo watu wanavyofurahi. Mwishoni wazazi wawili, mmoja kila upande, huinama kwenye chungu kimoja na kunywa pamoja. Hapo binti ametolewa.

"Bandugu, mulipotea njia!" alinguruma Masumbuko. "Hapa binti hakuna. Iko tu mama moja na pusi yake, na pusi iko na mchumba tayari!"

Ukumbi ulicheka. Msemaji wa kule akajibu kwamba wamefuata harufu ya ua, Masumbuko akasema ua hilo ni la plastiki, na vigelegele vikapanda. Anésie alisikia yote kwa mbali. Joto la mchana lilikuwa limejaa chini ya bati, na nyuma kabisa, kwenye viti vya ukutani ambavyo havikuwa na watu, aliona kama wamekaa wale wazee wa makoti mazito, kofia magotini, wanangoja. Akasimama.

Mama wa binti hasimami kusema siku ya posa. Watu walishangaa, kisha wakafurahi, simu zikainuliwa.

"Jenerali Kubwimana," alisema Anésie, "mimi nakufahamu. Uliwahi kuja kwangu kabla ya leo, na siku ile hukuleta pombe."

Kicheko kikalipuka. Makofi. "Mama yuko moto!" alipiga kelele mtu.

"Ulichukua kitu changu. Ukasema utakirudisha. Watu walisikia."

"Munasikia?" Masumbuko akadakia kwa raha, akidhani amepata mwenzake. "Bakwe zetu ni bezi! Tutabapiga faini!"

Meza za vijana ziligongwa kama ngoma. Anésie alisema kweli tupu na ukumbi mzima ukamshangilia kwa ufundi wa uongo. Alimwona Ineza mbele, amevaa mvutano, vazi la sherehe la Kirundi, la rangi ya waridi, anacheka mpaka machozi, anajivunia mama yake. Ni Kubwimana peke yake aliyekuwa hacheki. Mkono wake ulikuwa umepanda wenyewe na kufunika lile sikio.

"Ulichukua mwanamume mwenye koti jeupe," alisema Anésie. "Kwenye zahanati, Kumoso. Alikuwa anaitwa Gratien, na ni baba wa huyu unayemposa. Mimi sinywi pombe yako mpaka uniambie ulimwacha wapi."

Wazee wa kambini waliacha kucheka kwanza. Vijana waliendelea kidogo, kisha kicheko kikafa meza baada ya meza. Msemaji wa upande wa kijana alimvuta Kubwimana shati. "Jibu kwa mzaha," alimnong'oneza, na ukumbi ulikuwa kimya kiasi kwamba kila mtu alisikia. "Sema ulimwacha kwa mchungaji. Watacheka, yataisha."

Na kweli yangeisha. Hilo ndilo lililomtisha Anésie: neno moja la kuchekesha, na watu wangelipokea kwa shukrani.

Kubwimana alisimama. Alichukua muda kunyooka.

"Alitutibu msimu mzima," alisema. "Dawa zilipoisha alitutibu kwa maji ya moto na chumvi. Alikuwa ananiomba ruhusa aje kumwona mtoto. Kila siku, mtoto, mtoto. Nikamnyima. Nilikuwa nimetoa amri: anayeondoka apigwe risasi, kwa sababu anayeondoka hutuchongea. Siku moja akaondoka. Vijana wangu walifuata amri. Hawakukosea wao. Nilimzika mimi, mama, sikumwachia mtu. Ni ukingo wa Malagarasi, mahali mto unapojigawa, upande wa juu maji yasipofika. Nilipanga mawe. Nimewahi kuja kambini kwako, nikafika hadi kwenye uzio wa nyumba yenu. Ulikuwa unafua. Nikaogopa, nikarudi."

Mtoto mmoja aliuliza kitu kwa Kiingereza na akanyamazishwa.

Anésie alikuwa amepata alichokitaka, nacho kilikuwa kizito kuliko alivyodhani. Alitaka mahali, alipewa mahali na pia mkono uliomzika. Mto unapojigawa. Alipajua! Aliwahi kuchota maji hapo akiwa msichana. Moyo wake ulipasuka kwa uchungu na pia, aibu ilioje, kwa nafuu, maana Gratien alikuwa njiani kuja nyumbani. Hakuwasahau. Alikuwa anakuja.

Akamtafuta binti kwa macho. Ineza alikuwa amesimama, wanja umemchuruzika mashavuni, akimtazama yule mzee kama anamwona mara ya kwanza. Niyonzima alikuwa ameketi, ameinamisha kichwa, na mkono wake umelegea wazi juu ya goti ili Ineza auachie akitaka. Ineza hakuuachia. Alikuwa ameushika kwa vidole vyote.

"Mum," alisema Ineza, sauti imekatika. "You don't have to. Kweli. Si lazima."

"Najua, mwanangu."

Anésie alitembea hadi katikati, akapiga magoti mbele ya chungu. Akashika mrija mmoja. Ule wa pili aliuelekeza upande wa Kubwimana, naye mzee akaja, akashuka kwa tabu, goti moja kisha la pili, hadi vipaji vya nyuso zao vikakaribiana. Anésie alivuta. Pombe ilikuwa chachu, ya moto kidogo, ya kwao. Mrija wa pili haukupandisha kitu. Kubwimana alikuwa ameuweka mdomoni lakini hakuvuta, na machozi yalidondoka ndani ya chungu.

"Kunywa," Anésie alimwambia kwa sauti ya chini. "Nimeachwa peke yangu vya kutosha. Usiniache ninywe peke yangu."