Mkwe Kando ya Kamera

Hadia alikuwa ameongoza maigizo ya jukwaani Mpanda tangu ujana wake, na kila mwigizaji aliyepita mikononi mwake alijua sharti la kwanza: muuza karanga aliye nyuma ya umati lazima asikie. Machibya alilishika kuliko wote. Ndiyo sababu filamu ya kwanza ya Hadia ilikuwa imekwama Majimoto, katika sebule ya kuazima.

Tukio lilikuwa fupi: baba anakiri kwa binti yake kwamba ameuza ng'ombe wa binti huyo. Machibya alikiri kama mtu anayenadi mnadani, macho kayakaza kwenye kamera.

"Kata! Machibya, binti huyo hapo mbele yako. Unamwambia yeye au watu walioko mbali kule Mwamkulu?"

"Dada, si wewe uliyenifundisha kupaza?"

Rahim, mpiga picha, alisogea. "Huyu ni wa jukwaani, dada. Tumtafute mwingine."

"Hatoki."

Sauti ile aliijenga Hadia mwenyewe. Ikishindwa kushuka, basi hata yeye hana cha kupeleka kwenye filamu. Alikwisha kumwambia Machibya aipunguze; ilipungua, ikafa. Jukwaa lilimfunza kwamba mwili wa mwigizaji hautii amri, unaitii hadhira yake.

Uani, Mama Kija, mwenye nyumba, alikuwa anapepeta mchele. Ndiye aliyemzaa mke wa Machibya. Tangu asubuhi Machibya alikuwa anazunguka nyumba ili wasikutane, maana kwao Usukumani mkwe hatazamwi usoni wala hapaziwi sauti.

"Mama, naomba ukae kando ya kamera."

"Mie? Mkwe wangu si atakufa!"

"Hafi. Atapoa tu."

Mama Kija alicheka mpaka ungo ukatikisika mikononi. Akaingia, akajitanda kanga, akaketi akiwa ameelekeza uso ukutani.

Machibya alipomwona alirudi nyuma. "Dada! Nimekukosea nini?"

"Nimekuletea hadhira. Haya, anza."

Macho yake yalikimbia kamera, yakatua kwenye mikono ya binti. Maneno yakatoka chini chini, moja moja, kama yanamuunguza. Suzana, aliyeigiza binti, ikambidi ainame ili amsikie. Hakuna aliyemwelekeza kufanya hivyo, na hapo ndipo machozi yalipomtoka.

"Kata."

Rahim aliinua kichwa. "Turudie?"

"Hapana. Sogeza kamera karibu zaidi, tunaingia tukio linalofuata. Mama, tafadhali usiondoke."