Mwambie Mama Yako

Wanawake wa mtaa wetu wakitaka kuwasema waume zao, wanamtaja wangu. Halewi, hana fujo, halali nje. "Nyumba yenu hata sauti haisikiki, shoga," aliniambia jirani wa geti jeusi, nami nikacheka kama mjinga. Isikike sauti ya nani?

Mume wangu ni mwalimu wa udereva. Kutwa anaongea mpaka koo linamkauka: kanyaga klachi, dada, taratibu, tazama kioo. Akivuka kizingiti chetu anakuwa bubu. Tuligombana kuhusu rangi ya ukuta, nikanuna, naye akanuna, kila mmoja akamsubiri mwenzake aanze. Binti yetu alikuwa ndiyo kwanza ameanza shule. Tukamfanya tarishi.

"Mwambie mama yako chumvi haipo."

"Mwambie baba yako miguu anayo."

Meza moja hiyo, magoti yanakaribia kugusana, na mtoto katikati anageuza shingo huku na huku. Wageni wakija, basi naitwa mpenzi.

Miaka ikaenda hivyo hivyo, kisha binti akaolewa. Ndugu zangu walilia; mimi nilikuwa na furaha yangu ya siri. Sasa hana wa kumtuma, nilijiambia. Atake asitake, ataniita mimi.

Jioni ya kwanza tukiwa wawili nilipika, nikavaa gauni nililoshonesha kwa ajili ya harusi, nikakaa mkabala naye. Moyo ulinidunda utadhani bibi harusi ni mimi. Akaonja. Akainua macho, akafungua mdomo. Nikasogea mbele.

Akatoa simu.

"Mwanangu, hujambo? Mwambie mama yako chakula kimepoa." Akakata.

Punde simu yangu ikalia kando ya sahani. Binti alikuwa analia.

"Mama, jamani, mimi nimeshaolewa. Mume wangu yupo hapa ananisikiliza. Ongeeni wenyewe. Mwite tu, mama, nakuomba."

Nilimtazama mume wangu. Naye alikuwa ananitazama, chakula hakitafuni, na macho yake yaliniomba vilevile kama binti. Neno moja lingetosha. Nililitafuta lile jina nililokuwa nikimwita zamani, likaja mpaka kwenye ulimi, nikaona haya, kama mtu anayeambiwa avue nguo mbele ya mgeni.

"Mama, upo?"

"Nipo," nikasema. "Mwambie baba yako nakwenda kukipasha moto."